Uzi wa Tatu wa Mzee Wanyonyi

Birgit aliponiandikia kwamba mumewe Zalmai amefariki huko Hamburg, aliniomba maneno machache ya kusomwa siku ya kumkumbuka, nusu ukurasa tu, nami nikaandika nusu ukurasa. Nilisema alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu kutoka Kabul, kwamba aliishi Kitale kwa muda, kwamba alinifundisha kazi, kwamba alikuwa na subira. Kila sentensi ilikuwa ya kweli na nilizipitia zote mara kumi na moja. Nikatuma. Tangu siku hiyo sijatulia, kwa sababu kuna jambo moja la mwaka niliofanya kazi kwake ambalo Birgit halijui, na nadhani Zalmai alimficha kwa ajili yangu. Nimepita miaka arobaini sasa. Watu huniita mtunzi. Jina langu hupita mwishoni mwa filamu wakati watazamaji wameshaanza kuinuka vitini. Bado nikisifiwa mbele ya watu macho yangu hutafuta mlango. Nataka kueleza yalikoanzia hayo.

Mwaka huo nilikuwa na miaka ishirini na miwili, na nilifanya kazi katika saiba moja, duka la intaneti, mjini Kitale, juu ya duka la mbegu na mbolea. Jumapili nilipiga kinanda kanisani. Hakuna aliyenifundisha kinanda. Nilijifunza kwa kitabu kilichokosa kurasa za mwanzo, na kwa hiyo niliamini kwamba mambo yote ya maana yalikuwa katika zile kurasa zilizokosekana. Kila nilipopiga wimbo nilimngoja mtu aliyesomea muziki kweli kweli aingie, asimame nyuma kabisa, atikise kichwa. Basi siku moja akaingia saiba mwanamume mrefu wa makamo, koti la sufu, nywele za mvi, diski mfukoni, akasema anataka kutuma muziki Ulaya. Faili ilikuwa kubwa na mtandao ulikuwa ule wetu wa wakati huo. Ilikatika saa tano, ikakatika tena saa nane, naye alikaa tu kwenye kiti cha plastiki akinywa soda bila kulalamika. Mwishowe niliikata ile faili vipande nikaituma kidogo kidogo, na nilipokuwa nikisikiliza kwa hedifoni kuona kama vipande vimeshikana, nikajikuta nimemwambia, "Hapa katikati kuna noti imechelewa." Akaweka soda chini. "Ndiyo," akasema. "Mimi niliichelewesha." Nilitamani kuingia chini ya meza. Wiki iliyofuata alirudi, akaniuliza kama ningependa kufanya kazi kwake.

Nyumba yao ilikuwa Milimani, ya zamani, paa la mabati, imepangwa na mradi wa mifugo alikofanyia kazi Birgit, ambaye alikuwa daktari wa ng'ombe. Chumba cha muziki kilibandikwa trei za mayai kuta zote, magodoro mawili yamesimamishwa mlangoni kuzuia sauti, na katikati meza ya kompyuta, kinanda, na ala yake ya kwao iitwayo rubab, ya kushikwa kama gitaa, yenye tumbo la ngozi ya mbuzi na nyuzi nyingi kuliko mtu anavyohitaji. Mvua ya mchana ikianza kupiga mabati hatukuweza kurekodi kitu, kwa hiyo tulienda jikoni. Jikoni ndiko nilikosikia maisha yake, nusu nusu, kati ya kukwaruza karoti na kuosha zabibu kavu za wali. Alianza akiwa kijana katika okestra ya redio kule Kabul. Halafu akawa anatunga muziki wa filamu fupi za serikali, za mabwawa na viwanda, na hizo alizisimulia kwa mapenzi kuliko kitu kingine chochote. "Nilitunga dakika nne za saruji, Wambui jan. Saruji tu, inatoka kwa mashine. Ilikuwa furaha." Jan ni neno la kwao la kuongezea jina la mtu unayempenda, na mimi kila nilipolisikia nilijiuliza nimelipata kwa njia gani na litaondolewa lini. Baada ya saruji ikaja vita. Roketi ilianguka karibu na redio, ikamwachia mlio usiokoma katika sikio la kushoto. Akakimbilia Peshawar, akapiga kwenye harusi za watu. Akafika Hamburg, akaoka mikate. Ndipo mtu mmoja aliyekuwa akitengeneza filamu ya wategua mabomu akasikia kwamba kuna mwoka mikate apigaye rubab. Tangu hapo simu yake haikunyamaza, na kila aliyepiga alitaka kitu kile kile. "Wakitaka watu walie, wananiita," alisema. "Mimi nimelilia nchi nne. Mbili sijawahi kufika."

Hata majirani walijua. Mlinzi wa nyumba ya pili alinisimamisha langoni siku moja. "Madam, si umuulize huyo Muhindi wenu, kwani ni nani amekufa? Kila siku ni matanga tu." Nilipomfikishia Zalmai maneno hayo alicheka mpaka akaweka kisu chini. "Mwambie mimi si Mhindi," akasema. "Hayo mengine amesema kweli."

Kazi ya mwaka ule haikuwa ya matanga. Mwelekezi mmoja wa Nairobi, Adhiambo, alikuwa akitengeneza filamu ya hali halisi kuhusu wakulima wa tumbaku wa Malakisi, kwa kampuni ya Ulaya, naye alimtaka Zalmai kwa sababu alisikia yuko karibu. Ilikuwa filamu ya kwanza tangu aondoke kwao isiyo na bunduki wala kaburi. Zalmai alitembea chumbani akiisoma barua ya Adhiambo kwa sauti. Hii ikienda vizuri, aliniambia, watajua naweza kutunga shamba, naweza kutunga mtu anayefunga majani, na labda wataniita tena kwa kitu cha namna hiyo. Alikuwa na miaka hamsini na minane. Hakusema kwamba hii ndiyo nafasi ya mwisho, lakini alinunua betri mpya za kila kifaa, hata vile ambavyo betri zake hazikuwa zimekwisha.

Malakisi tulifikia kwa Mzee Wanyonyi, mpigaji wa litungu, ile ala ya nyuzi saba ya Wabukusu. Nyumba yake ilikuwa imejaa tumbaku iliyokaushwa. Harufu tamu yenye uchungu ndani yake ilikukaa kooni. Hatukuruhusiwa kurekodi kabla ya kula. Binti yake Nanjala, mwalimu wa shule ya msingi, alileta ugali na kuku, na mzee akachukua firigisi kwa mkono wake akamwekea Zalmai sahanini. Nilikuwa nikiitazama tu kwa udadisi. "Wewe usiangalie hiyo," Nanjala akaniambia. "Ni ya wazee. Ukikula hiyo utaota ndevu, na huku hatuna wembe." Mzee akacheka bila sauti, mabega yakipanda na kushuka. Baada ya kunawa wanawake wanne waliketi chini na kuanza kufunga majani mafungu mafungu, vidole vyeusi kwa utomvu, naye akakaa juu ya kigoda akapiga. Nikavaa hedifoni. Uzi wa tatu haukuwa sawa. Haukuwa juu wala chini kiasi cha kuitwa kosa la kawaida. Ulikaa katikati ya vibonye viwili vya kinanda changu, mahali pasipo na kibonye. Kila alipoufikia mimi nilikunja vidole vya miguu ndani ya viatu. Nilimwonea aibu, kama unavyomwonea mtu aliyefunga vifungo vya shati vibaya mbele ya wageni. Zalmai alikuwa amefumba macho, kichwa kimelala upande, sikio la kulia mbele, na sikuuona uso wake kwa makini kwa sababu nilikuwa na shughuli ya kuona aibu.

Wiki iliyofuata alienda Nairobi kukutana na Adhiambo. "Safisha," aliniambia. Alimaanisha upepo, kuku, pikipiki iliyopita mara mbili. Nilivisafisha vyote siku moja na nusu. Kisha nikaufungua ule uzi wa tatu kwenye kompyuta, noti moja, nikaisogeza kidogo mpaka ikakaa sawa na kinanda. Nikasikiliza. Nikahisi raha ambayo sijui kama nitaweza kuieleza: raha ya kitu kuacha kukusumbua. Nikasogeza ya pili. Siku tatu zilizofuata sikufanya kingine. Niliusogeza uzi wa tatu wa Mzee Wanyonyi kila mahali ulipotokea, noti kwa noti, nikila mkate mkavu mezani. Nilijiambia ninamlinda mzee asichekwe na watu wa Ulaya. Ukweli ni kwamba nilijilinda mimi. Mimi ndiye niliyerekodi. Yule mtu wa nyuma ya kanisa, aliyesoma zile kurasa za mwanzo, angesikia uzi ule na kujua kwamba msichana wa Kitale hana sikio. Rekodi ya asili niliihifadhi kwenye diski, nikaifungia kwenye droo. Sijui kwa nini niliihifadhi. Nadhani hata wakati huo kuna sehemu yangu iliyojua.

Zalmai aliporudi alisikiliza yote mara moja. Akaniomba nianze tena. Safari hii aliziba sikio la kushoto kwa kiganja, kisha la kulia, kisha akainama karibu kabisa na spika. "Malakisi nilisikia kitu," alisema. "Kilikuwa kinauma vizuri. Sasa sikisikii." Akanigeukia. "Wewe unasikia tofauti?" Nilikuwa na nafasi ya kusema. Droo ilikuwa karibu na goti langu. "Hapana, Mwalimu," nikasema. "Ni sawa tu." Akaitikia kwa kichwa, taratibu, kama mtu aliyepewa habari aliyokuwa akiingoja kwa miaka. "Basi ni mimi," akasema.

Sijui kama nimewahi kumsikia mtu akisema neno zito zaidi ya hilo, nami nilikuwa nikizungusha kebo. Miezi mitatu iliyofuata alitunga akiwa ameshaamini masikio yanamwacha. Aliniuliza mambo ambayo hakuwahi kuniuliza: hii inasikika kavu? hii iko juu? Alinitegemea, na mimi, Mungu anisamehe, nilifurahia kutegemewa. Alinipa hata dakika nne nitunge mwenyewe kwa kinanda, pale watoto wanapotoka shule kando ya mashamba, utunzi wangu wa kwanza maishani. Siku moja nilikuwa nikiosha vikombe nikamsikia akiongea na Birgit sebuleni. Birgit alikuwa akisema kuna daktari mzuri wa masikio Eldoret. "Na akisema ni kweli?" Zalmai akauliza. "Mimi nitafanya nini? Nirudi kwa mikate?" Walienda Eldoret. Daktari alimwambia sauti za juu zimepungua kidogo, jambo la kawaida kwa umri wake. Zalmai alichukua lile neno "kidogo" akalifanya hukumu. Alianza kuongea kwa sauti kubwa kidogo, kama watu wanaohofia kutosikia wanavyoongea. Kila asubuhi nilipanda mlima ule wa Milimani nikiwa nimepanga sentensi ya kuanza nayo, na kila asubuhi nilimkuta ameshaniwekea chai ya iliki, na sentensi ikafa. Ulaya walipelekewa muziki wa majaribio, wakaupenda sana.

Adhiambo alishikilia kwamba wakulima waione filamu kabla haijakwenda popote. Kwa hiyo tulikusanyika katika ukumbi wa kanisa Bungoma mjini, Jumamosi mchana, madirisha yamezibwa kwa blanketi, watu wa Malakisi wameletwa kwa lori. Walicheka walipoona ng'ombe wao. Walinyamaza zilipotajwa bei za majani. Filamu ilipoisha na blanketi kuondolewa, Adhiambo aliuliza kama kuna mwenye la kusema, na Mzee Wanyonyi akainuka polepole, kofia mkononi.

"Mimi nauliza," akasema. "Yule anapiga litungu ni nani?"

Watu wakacheka. "Si ni wewe, Papa," Nanjala akamwambia. "Kwani hukujiona?"

"Nimejiona. Mkono ni yangu. Rakini ule uzi wa tatu si yangu." Akafikiri kidogo. "Huo uzi umeokoka. Mimi bado."

Ukumbi mzima uliangua kicheko. Hata mchungaji aliyekuwa ametupa ukumbi alijifuta macho. Zalmai hakuwa ameelewa. Alimwinamia Nanjala, akamwomba arudie polepole, na Nanjala akamwelezea: baba anasema uzi mmoja umebadilika, umekuwa kama wa kinanda cha kanisani. Niliona uso wa Zalmai. Cha kwanza kilichopita pale kilikuwa furaha, furaha tupu ya mtu aliyerudishiwa kitu chake. Aligusa sikio la kulia kwa vidole viwili. Kisha kichwa chake kikageuka, kwa utulivu, safu nzima ya viti, mpaka kikanifikia.

Tuliondoka kwa gari la mradi. Birgit hakuwepo, dereva alikuwa na redio yake. Tulipofika Misikhu aliomba tusimame tunywe chai. Tulikaa kwenye benchi la hoteli ndogo, inzi wachache, mandazi ndani ya kabati la kioo. "Lini?" akauliza. Nikamwambia: ulipoenda Nairobi. "Yote?" Yote, noti kwa noti, siku tatu. "Kwa nini?" Nikamwambia nilidhani ni kosa. Alikubali hilo kwa haraka, karibu kwa huruma. Makosa ya sikio alikuwa ameyaona mengi. Halafu akauliza swali moja tu jingine. "Nilipoenda kwa daktari Eldoret. Ulijua?"

"Nilijua, Mwalimu."

Akamaliza chai. Aliiweka ile glasi mezani kwa uangalifu mkubwa kuliko inavyohitajika. Nilingoja kufukuzwa, na ninakiri kwamba nilitamani kufukuzwa, kwa sababu ningeenda nyumbani nikalia na mambo yangekwisha. "Kesho saa mbili," akasema. "Njoo na rekodi ya Malakisi. Najua unayo. Wewe huwezi kutupa kitu."

Siku tisa tulizobakiwa nazo kabla ya kukabidhi kazi tuliibomoa ile kazi yote. Alisikiliza rekodi ya asili mara moja, akiwa amesimama, halafu akaishika rubab na kukaza nyuzi zake moja moja kuufuata uzi wa tatu wa Mzee Wanyonyi. Kilichoweza kuufuata kilibaki. Kinanda hakingeweza, kwa hiyo kinanda kilitoka chote, pamoja na zile dakika nne zangu za watoto wa shule. Alinisogezea kiti nikae mbele ya kompyuta niziondoe mwenyewe. Hakuwa na ukali. Hakuniita jan pia. Tulipokuwa tukila wali hatukuongea, na mvua ilipopiga mabati tulikaa pale pale chumbani tukiingoja iishe. Mimi nilihesabu trei za mayai. Lakini nilisikia pia, siku ya tano au ya sita, rubab na litungu zilipokutana kwenye ile sauti isiyo na kibonye, na vidole vyangu vya miguu havikujikunja. Nilielewa alichokisikia akiwa amefumba macho. Sikumwambia. Sikuona kama nina haki ya kumwambia kitu kizuri.

Ulaya hawakuupenda. Barua yao ilikuja baada ya siku mbili: kuna uzi hauko sawa, muziki wa mwanzo ulikuwa bora, tafadhali rudisheni ule, na ni nini kimetokea? Sasa hivi, nikiwa nimekaa upande wao wa meza mara nyingi, naelewa hofu yao. Walikuwa wameahidiwa kitu wakaletewa kingine, na ni mimi niliyewazoesha kile cha kwanza. Najua pia yaliyofuata. Walibakiza dakika sita, pale wanawake wanapofunga majani, wakanunua muziki mwingine kwa sehemu zilizobaki, na hawakumwita tena. Aliyempigia simu baadaye alikuwa na filamu ya kambi ya wakimbizi. Lakini asubuhi ile ya barua hatukujua hayo. Ule muziki wa kwanza ulikuwa bado kwenye kompyuta, mzima, na kuutuma kungechukua mchana mmoja. Nilimwambia hivyo. Nilimwambia, Mwalimu, hii filamu ulikuwa unaingoja.

"Mzee amesema si yeye," akajibu. "Nitawatumia nani?"

Barua zake za Kiingereza nilikuwa nikimwandikia mimi, yeye akisema na mimi nikichapa. Alianza kutembea kati ya meza na magodoro. Alisema muziki wa kwanza ulikuwa na kosa. Nikachapa. Alisema kosa lilikuwa lake, kwamba hakurudi kusikiliza rekodi ya asili kama mtunzi anavyopaswa. Mikono yangu ikasimama juu ya vibonye. "Andika," akasema. Nikaandika. Kisha, kabla hajafika kwenye salamu za mwisho, nikaendelea bila yeye. Niliandika kwamba mimi, fulani, ndiye niliyeubadilisha uzi, kwamba hakujua, kwamba nilimdanganya aliponiuliza, na kwamba nilimwacha aende kwa daktari. Niliandika haraka kuliko nilivyowahi kuandika chochote, nikasogeza kiti pembeni ili asome.

Alivaa miwani. Alisoma mpaka mwisho, akarudi juu, akasoma tena, na midomo yake ilikuwa ikitembea kidogo. "Kuna makosa mawili ya tahajia," akasema.

Nikanyoosha mkono kuyatafuta. Akanishika kifundo cha mkono, si kwa nguvu, akakirudisha mapajani mwangu.

"Acha hivyo," akasema. "Tuma."